Pasi Chini ya Kitanda

Jumatano ya Majivu, 5 Machi

Leo asubuhi nimepakwa majivu kanisani, na mvua ya kwanza imeyaosha kabla sijafika nyumbani. Naanza daftari hili kwa sababu shule imekwisha na sina mtu wa kumwambia mambo. Nina miaka kumi na minane. Nikiulizwa kitu mbele ya watu, sauti yangu huondoka, kisha hurudi nikiwa peke yangu, imejaa majibu mazuri. Shuleni tuliandika Kiingereza tu. Hapa nitaandika Kiswahili alichonifundisha baba, aliyekuwa mwalimu Uvira kabla hatujakimbilia kambi hii ya wakimbizi, ambako alifariki.

Jina langu limebandikwa ukutani kwenye Base Camp, ofisi kuu ya kambi: Doriane, wa tisa katika orodha ya ishirini. Nafasi ni saba. Watakaochaguliwa watasomea uuguzi Mbarara kwa msaada wa shirika. Kwanza watakuja kutuona nyumbani, siku yoyote, bila kututangazia. Kisha Mei tutaitwa Mbarara kuhojiwa.

Nilirudi nikikimbia. Yaya Vanessa, jirani yetu ninayemwita yaya kwa kuwa ni kama dada yangu mkubwa, alikuwa akikinga maji ya bati. Yeye aliomba mwaka jana akakosa.

“Mudogo wangu, furahi, lakini fungua masikio,” alisema. “Yule madamu wa shirika alikuja kwetu, mimi nimevaa robe, gauni yangu ya Noeli. Akaniangalia, akasema, ‘Eh, wewe uko smati!’ Nikacheka kama mupumbavu. Kumbe ile neno aliiandika mu karatasi. Habasaidiake bantu ba smati.” Yaani, watu smati hawasaidiwi.

Nikatazama ndani kwetu. Mama alikuwa amesimama mezani, anapiga pasi.

8 Machi

Mvua. Nguo za wateja hazikauki.

11 Machi

Lazima nieleze kazi ya mama, maana ndiyo itakayoniponza.

Mama ana pasi ya makaa, ile nzito yenye jogoo mdogo wa chuma kwenye kifuniko. Anapokea nguo za walimu, wachungaji, maharusi. Kola anazitia maji ya wanga wa muhogo hadi zinasimama zenyewe. Ndani ya kila kola anashona uzi mdogo wenye rangi ya mwenye nguo: mwalimu mkuu kijani, Parfait kinyozi nyekundu, kanisa buluu. Hajapoteza hata soksi. Nguo zetu wenyewe hazina uzi. “Ya kwetu najua,” husema.

Kwa hiyo nyumba yetu ya udongo ndiyo nyumba smati kuliko zote katika mstari wetu. Mapazia yamepigwa pasi. Hata kitambaa cha kufunikia ndoo kimepigwa pasi.

14 Machi

Nimeanza kulisikiliza hilo neno. Tangu Yaya Vanessa alipolisema, nalisikia kila mahali.

Mwenye bodaboda akaniambia barabara ya Kaberebere iliyochongwa upya “iko smati.” Mama Jeannette, Mrundi wa nyuma yetu, aliyasifu maharage yake yaliyosimama kwa mistari: smati. Shuleni mwalimu wa zamu alikuwa anasimama getini kila Jumatatu, anatazama viatu, anasema smati au anasema rudi nyumbani. Parfait akimaliza kunyoa mtu humgeuzia kioo: “Kichwa iko smati, lipa nayo smati.”

Hakuna anayelisema kwa tajiri mwenye kola chafu. Na sijasikia mtu akiambiwa smati akakasirika. Ila mimi sasa nikilisikia nakumbuka mapazia yetu.

15 Machi

Nilimuuliza mama kama smati ni sawa na chic, lile neno la Kifaransa la mtu maridadi.

“Hapana. Chic muntu anazaliwa nayo, ao mume anamununulia. Smati unaamuka asubuhi, unaitengeneza na mikono.”

19 Machi

Mvua. Makaa yamelowa. Mama ameyaanika kwenye sufuria juu ya moto mdogo, makaa yakipikwa kama maharage.

24 Machi

Tumemzika baba yake Parfait. Wazee waliomuosha walitoka wakasema, “Amelala smati.” Shati lake lilipigwa pasi na mama. Nililia, kisha nikaona aibu, kwa kuwa nilikuwa nafikiri: je, madamu akija leo, akatukuta tumevaa hivi?

2 Aprili

Wameanza kutembelea. Wamefika kwa watu watatu upande wa Juru, hapa hapa kambini. Yaya Vanessa alikuja na ushauri kamili, akiuhesabu kwa vidole. Toeni mapazia. Vaa ile kanga iliyochanika. Mwaga majivu kidogo mlangoni. Na hiyo pasi, ifiche.

Mama alisikiliza mpaka mwisho, pasi mkononi.

“Vanessa, mutoto wangu, umemaliza?”

“Nimemaliza, mama.”

“Sasa leta ile blauzi yako nikunyooshee. Kola inalia.”

Yaya Vanessa alicheka, lakini alipotoka alinikonyeza. Nami nikamwitikia kwa kichwa. Mama aliona.

3 Aprili

“Mama, ni siku moja tu. Tuonekane kama tunahitaji.”

“Hatuhitaji?”

“Tunahitaji.”

“Basi bataona. Chungu iko pale, bafunue.”

“Lakini wakiona mapazia hawatafunua chungu.”

Akapuliza makaa ya pasi. Ni mara yangu ya kwanza kubishana naye. Sauti yangu haikuondoka, na hilo lilinitisha zaidi.

9 Aprili

Mvua ya mawe. Gari jeupe lilipita, halikusimama.

12 Aprili

Katekista Vénant ameleta alba, ile kanzu ya misa ya padre, ili ipigwe pasi kwa Pasaka. Ni moja tu, nyeupe kama maziwa. “Mama Doriane,” alisema, “hii ndiyo Pasaka yetu yote.” Mama ameifua, ameitia wanga kidogo, ameikunja ndani ya shuka, ameiweka katika kapu chini ya kitanda ambapo paa halivuji.

Jumanne, 15 Aprili

Nitaandika kila kitu kama kilivyokuwa.

Baada ya chakula cha mchana mama alienda kupeleka mashati shuleni. Aliniachia suruali mbili nizimalizie. Pasi ilikuwa imejaa makaa, imeshika moto vizuri. Nikasikia gari. Kisha mlango wa gari. Kisha sauti yenye lafudhi ya wenyeji ikiuliza, “Hapa ni kwa Doriane?”

Sikufikiri. Niling'oa mapazia nikayatupa nyuma ya pipa. Nikakunja suruali. Nikaishika pasi, nikaisukuma chini ya kitanda hadi ukutani, nikashusha blanketi. Nikaingia ndani ya ile kanga iliyochanika. Alipobisha nilikuwa nimeketi kwenye kigoda, mikono mapajani, kama mtu anayengoja msiba.

Ni mwanamke mfupi, Munyankore, mwenyeji wa huku, anaitwa Madamu Kyomugisha. Viatu vyake vilikuwa na tope hadi juu. Alivivua mlangoni mwenyewe, na hapo nikampenda kidogo, na hofu ikazidi.

“Wewe iko na baba?”

“Alifariki.”

“Pole sana. Mama iko wapi?”

“Ametoka.”

“Mama nafanya kazi gani?”

Meza ya pasi ilikuwa mbele yake, na blanketi zito lililoungua pembeni, ambalo mtu yeyote angejua ni la nini. Ningeweza kunyamaza. Kunyamaza ndiko ninakokujua kuliko kitu chochote duniani. Lakini mdomo ulifunguka.

“Hana kazi.”

Akaandika. Akauliza tunakula mara ngapi, tunalala wangapi, kwa nini uuguzi. Nilikuwa nimelisoma jibu la mwisho kwa wiki sita. Nikaanza kulisema, na hapo nikasikia harufu.

Kwanza ilikuwa harufu ya kawaida, ya kitambaa kilichopata joto. Kisha ikawa tamu. Kisha ikawa chungu. Nikazungumza kwa sauti kubwa zaidi, mimi ambaye sizungumzi. Nilimwambia habari za nyanya yangu aliyefia njiani, na za zahanati, na za wauguzi wenye mikono safi, na macho yangu yalikuwa kwenye ule uzi mwembamba wa moshi uliotambaa kutoka chini ya blanketi la kitanda, nyuma ya kisigino chake.

“Kitu naungua?” aliuliza.

“Ni kwa jirani.”

Alivuta pumzi puani, akanitazama. Akafunga faili, akavaa viatu vyake vya tope bila haraka, akasema asante, Mungu akusaidie. Nilisimama mlangoni nikimpungia mkono mpaka gari lilipokata kona. Kisha nikapiga magoti, nikalivuta kapu.

Pasi ilikuwa imelala ubavu juu ya kapu. Ilikuwa imepita shuka, ikapita mkunjo wa kwanza, na wa pili. Nilipoikunjua alba, mkono wa kulia, karibu na kiwiko, ulikuwa na tundu lenye umbo la ncha ya pasi, kingo zake rangi ya chai.

Mama alinikuta nimeishika hivyo.

“Juu ya nini? Kwa nini pasi ilikuwa chini ya kitanda?”

“Nilificha. Madamu alikuja.”

“Na ulimwambia nini?”

“Nilisema huna kazi.”

Mama aliitazama ile nguo. Alinitazama mimi na ile kanga. Kisha akainama, akaiokota pasi, akamwaga makaa nje kwenye mvua. Yalipiga kelele kama nyoka wengi. 

16 Aprili

Kitambaa cheupe cha aina hiyo hakipatikani hapa, na Alhamisi Kuu ni kesho. Nilileta blauzi yangu ya shule, ile niliyoiweka kwa ajili ya Mbarara. Nikaiweka mezani pamoja na mkasi. Mama aliichunguza mgongo, akakata mahali palipokuwa hapajachakaa.

Alishona asubuhi nzima, mishono midogo kama punje za uwele. Katekista alipokuja alimwonyesha yeye mwenyewe, hakumficha.

“Padre atainua mikono, Mama Doriane. Watu wataona.”

“Bataona kiraka. Habataona uchafu.”

Mzee Vénant alipitisha kidole juu ya mshono. Alisema kanisa litafikiria kama litaendelea kuleta nguo zake hapa. Alilisema kwa upole, na upole ulikuwa mbaya zaidi.

Mimi mama hajaniambia neno.

Pasaka, 20 Aprili

Padre aliinua mikono, mikono ya alba ikateremka, na nikaona blauzi yangu ya shule juu ya altare. Mshono haukuonekana. Nilijua pa kutazama.

Mama alipiga magoti kando yangu. Aliimba. Hakunitazama.

22 Aprili

Mvua. Mama hajasema kitu, isipokuwa “maji” na “chumvi.”

25 Aprili

Mvua.  Katekista amepita na nguo za altare ndani ya mfuko, akaenda nazo kwa mtu mwingine.

29 Aprili

Mvua. Nimerudisha mapazia, nimeyapiga pasi mimi mwenyewe. Nimeunguza kona moja kidogo. Mama alitazama kona, akaendelea kuchambua maharage.

3 Mei

Nilikwenda kwa Yaya Vanessa, kwa kuwa nilitaka mtu aniambie kwamba nilifanya vizuri. Nikamwomba nione ile barua ya mwaka jana, nijue wanaandikaje.

Alikataa. Kisha akaingia ndani, akatoka na bahasha, akanipa bila kuniangalia. Nilisoma mara mbili. Ilisema nafasi zilikuwa chache na waombaji wengi, wanamshukuru. Basi. Mistari minne.

“Smati iko wapi?” nikauliza.

“Haiko.”

“Lakini uliniambia—”

“Alinisifu robe, ile ni kweli. Mengine nilitengeneza. Ningeambia bantu nini, Dori? Kwamba sikutosha? Kusema nilikuwa smati sana njo kitu kilinisaidia kutoka inje.” Alianza kulia, na kucheka ndani ya kulia. “Mwaka muzima nimekuwa muntu aliyenyimwa juu ya uzuri wake. Ni kazi nzuri ile.”

Nilitaka kumkasirikia. Nilikuwa na haki. Lakini nilipotazama kola yake, ilikuwa imesimama. Amekuwa akija kwa mama kila wiki, pamoja na ushauri wake wote.

Sikumwambia kuhusu alba. Anajua. Kila mtu anajua.

6 Mei

Wameniita. Jumatano, tarehe 14, Mbarara.

7 Mei

Mvua. Nilimwambia mama tarehe. Aliitikia kwa kichwa.

Jumanne, 13 Mei

Leo mama amezungumza.

Alitoa ndani ya sanduku robe yake ya kitenge ya kijani, ile aliyotoka nayo Uvira, akaibana kiunoni kwa kipimo changu. Akawasha makaa. Nilisimama nikitazama, maana sikujua kama nimeruhusiwa kuketi.

“Tulipofika apa,” alisema, bila kuinua macho, “nilikuwa na hii tu. Wewe ulikuwa mugongoni. Pasi hakuna. Nilitia makaa ndani ya sufuria, nikanyoosha na matako ya sufuria. Bantu ba mustari bakacheka. Mama Jeannette akaniita ‘Madamu Sufuria.’ Kesho yake akaleta shati ya bwana yake.”

Alirusha matone ya maji kwa vidole, akapitisha pasi. Mvuke ukapanda.

“Muntu akiona kola, ananiita mama. Asipoona kola, ananiita mukimbizi. Njo ile kazi. Uliambia yule madamu haiko.”

“Nisamehe, mama.”

“Mimi nimesamehe ile siku ya mukasi. Lakini neno uliliacha kule kwa karatasi. Mimi siwezi kulitoa. Ni mukono yako itakitoa.”

Jumatano, 14 Mei

Katika teksi nilikaa mbele, pembeni mwa dereva, nimenyooka mpaka Mbarara ili robe isikunjamane. Mvua ilikuwa imekatika. Nilifika mapema, nikasimama mbele ya duka la viatu barabarani, na kioo kikanionyesha. Nilikuwa smati. Nilikuwa smati kupita kila mtu aliyepita nyuma yangu.

Nikaona wengine wakiingia kwenye lile jengo: msichana wa Oruchinga, ile kambi nyingine, amevaa ndala, mvulana mwenye shati lililokosa vifungo. Walijua, au walidanganywa kama mimi. Mkono wangu ulikamata upindo wa robe. Ningeufinya tu mara chache, hapa na pale, ningekuwa kama wao. Niliushika mpaka vidole vikauma. Kisha nikauachia. Palibaki mkunjo mmoja, kwenye goti la kushoto, na ulibaki hapo mpaka mwisho.

Walikuwa watatu mezani. Madamu Kyomugisha alikaa pembeni, hakunionyesha kwamba ananijua. Aliyeuliza ni bwana mwembamba mwenye miwani, faili yangu mbele yake. Alisoma kwa Kiingereza, nami nikaelewa kila neno.

“Baba, marehemu. Mama, hana kazi.” Akageuza ukurasa, akainua nyusi. “Maoni ya mtembeleaji: nyumba ni ya udongo, paa linavuja, ndani ni smati sana. Harufu ya pasi.” Alimtazama Madamu, kisha mimi. “Robe hiyo nani ameipiga pasi?”

“Mama.”

“Yule asiye na kazi?”

Sauti yangu iliondoka. Niliihisi ikiondoka, kama mtu anayetoka kanisani kwa vidole vya miguu.  Mwanamke wa tatu aliinua kalamu.

Nilitazama ule mkunjo kwenye goti. Kisha nikasimama, hakuna aliyeniambia nisimame, na nikasema kwa Kiingereza cha darasani:

“Bwana, nilidanganya. Mama yangu anapiga pasi nguo za watu, ni miaka mingi. Mimi nilificha pasi chini ya kitanda ikiwa na moto, ili Madamu asituone smati. Iliunguza nguo ya padre. Kosa si la mama. Naomba mwandike kazi yake.”

“Kwa nini ulificha?”

“Niliogopa kwamba mtu safi hasaidiwi.”

“Na ukiwa muuguzi, ukikosea dawa, ukaogopa, utaificha chini ya kitanda?”

Hilo lilinichoma, kwa kuwa ndilo swali la kweli. Nikamwambia sijui ningefanya nini kabla ya Aprili. Nikamwambia sasa najua harufu yake.

Hakutabasamu. Aliniambia ninaweza kwenda. Nilipofika mlangoni nilisikia kalamu ikikwaruza. Niligeuka: alikuwa Madamu, ameivuta faili kwake, anaandika.

15 Mei

Nimemwambia mama yote. Aliuliza jambo moja: “Aliandika nini pale kwa kazi?” Nikasema sikuona. “Lakini aliandika?” Nikasema ndiyo, aliandika.

20 Mei

Jua nusu siku. Nguo zimekauka zote.

26 Mei

Bado. Wa Oruchinga wamesikia, inasemekana. Sisi bado. Nimejifunza kushona uzi kwenye kola.

30 Mei

Katekista Vénant alipita na mfuko. Alisema huko kwingine walirudisha kitambaa cha altare kikiwa na doa la kutu. Hakusema zaidi. Mama alichukua mfuko, akatafuta uzi wa buluu.

Jumatatu, 2 Juni

Orodha ilibandikwa asubuhi. Yaya Vanessa ndiye aliyeiona kwanza, akaja mbio, viatu mkononi, akaliita jina langu barabara nzima hadi Mama Jeannette akadhani kuna moto. Mimi ni wa saba. Chini ya jina langu hakuna mtu.

Ofisini nimepewa karatasi ya mahitaji. Mama aliniketisha kwenye kigoda nimsomee, mstari baada ya mstari, kwa Kiswahili. Magauni meupe ya kazi, mawili. Viatu vyeusi vilivyofungwa. Kucha fupi. Nikafika mstari wa mwisho nikasimama.

“Nini?” mama aliuliza. “Banataka kitu hatuna?”

“Imeandikwa: mwanafunzi lazima awe smati kila siku. Nguo isipopigwa pasi, atarudishwa nyumbani.”

Mama aliweka pasi chini. Alinitazama, akatazama mapazia, kisha akaanza kucheka, kicheko ambacho sikuwa nimekisikia tangu Machi, hadi akajifuta macho kwa kitambaa cha ndoo.

“Barudishe nani?” alisema. “Wewe?”

8 Juni

Mvua imekwisha. Vumbi limeanza, na mama analaani vumbi sasa.

Magauni mawili yamefika kutoka kwa fundi. Mama ameyatia wanga, ameyapiga pasi, ameyatundika ukutani, na nyumba yote imekuwa nyeupe. Kisha alileta kopo la nyuzi.

“Kule bweni mutakuwa wengi, nguo zote moja. Lazima uzi. Chagua rangi.”

“Ya kwetu haina uzi, mama. Ulisema ya kwetu unajua.”

“Mimi najua. Lakini sitakuwa kule.”

Nilitafuta muda mrefu ndani ya kopo. Nikachagua nyeupe. Akautia uzi ndani ya sindano, akashona ndani ya kola, nyeupe juu ya nyeupe, mahali ambapo atakayeupata ni yule tu aliyeonyeshwa pa kushika.